Karani aliyewatafuta watu wasioweza kufumba macho

Kigoma. Saa moja na robo asubuhi, benchi tatu zilizo nje ya wodi ya macho zimeshajaa. Wapo waliofika jana kwa boti kutoka Mwamgongo, wapo wa Simbo waliodandia bodaboda kabla jua halijachomoza, na wapo wanawake saba kutoka kambi ya Nyarugusu walioketi pamoja upande wa ukutani, vitenge vimevutwa hadi usawa wa nyusi kukinga mwanga.

Melania Bukuru anapita mbele yao na karatasi mkononi. Anaita jina, anamtazama mwenye jina usoni, anaweka alama, anaita jingine. Sauti yake iko juu kuliko inavyohitajika. Muuguzi mmoja anamtania apunguze, hapa si mnadani Kibirizi. Melania anacheka, anapunguza kwa majina mawili, kisha sauti inapanda tena.

Melania si daktari wala muuguzi. Ni karani wa kumbukumbu za tiba katika hospitali hii ya mjini Kigoma, ana umri wa miaka 34, na kwa kawaida hakutani na wagonjwa. Hukutana na mafaili yao. Leo ameomba ruhusa ya kutoka chumbani kwake kwa sababu watu 33 walio kwenye karatasi hiyo amewatafuta mwenyewe, mmoja mmoja.

Wote wanafanana kwa jambo moja. Kemikali iliwaunguza kope na ngozi ya kuzunguka macho. Kidonda kilipona, lakini ngozi ilijikunja na kuvutika, na sasa kope hazifiki chini. Wanalala macho yakiwa wazi, na leo wamekuja kufanyiwa upasuaji.

"Nilikuwa nawajua kwa namba," anasema Melania. "Leo nawaona wote pamoja, wana sura, wana meno, wanataniana. Tangu juzi sijatulia. Hata chai nainywa nimesimama."

Kazi yenyewe si ya kuonekana. Mgonjwa akishatibiwa, faili lake hupelekwa chumba cha kumbukumbu. Melania husoma alichoandika daktari, hufungua kitabu cha kimataifa cha orodha ya magonjwa, hutafuta namba inayolingana na ugonjwa huo, kisha huiingiza kwenye kompyuta. Kwa siku hupitia mafaili kama sitini. Ameifanya kazi hiyo kwa miaka tisa.

Mwisho wa mwezi namba hizo hujumlishwa na kupelekwa wilayani, mkoani, hadi wizarani. Wanaoamua dawa gani ziletwe na mtaalamu gani apangwe wapi hawamwoni mgonjwa. Wanaona jumla.

"Zamani nilikuwa nasema naweka kodi za magonjwa, kwa sababu ndivyo tunavyoita zile namba sisi wenyewe ofisini," anasimulia. "Mama yangu kule Mwamgongo akaniuliza kwa huzuni kabisa, 'Yaani siku hizi hata kuumwa kunalipiwa kodi?' Jirani yetu akawa ananiita mama TRA. Tangu hapo nasema tu, naweka namba."

Safari iliyomfikisha kwenye benchi hizi ilianza Januari mwaka huu wa 2017, na ilianza kwa kadi iliyoharibika.

Siku hiyo mwanamke mmoja alisimama kwenye dirisha la chumba cha kumbukumbu, akaamkia, akasema kadi yake ya kliniki imelowa mvua na haisomeki. Alizungumza Kiswahili kwa kusitasita, kila baada ya maneno machache akidondosha neno la Kirundi. Jina lake ni Armelle Ndayikeza, ana miaka 27. Alivuka mpaka mwaka 2015 kwa miguu hadi Kagunga, akaletwa Kigoma kwa meli pamoja na maelfu ya wenzake, kisha akapelekwa Nyarugusu.

Melania alipoinua kichwa kumwandikia kadi mpya, aliona mwanamke huyo hapepesi kope. Macho yalikuwa mekundu, makavu, na chozi lilitiririka kwenye jicho la kushoto bila yeye kulia. Melania akamwuliza kwa Kiha, lugha aliyokua nayo na ambayo Mrundi huielewa bila shida, macho yamekuwaje.

Armelle akajibu neno moja. "Sinsinzira." Silali.

Melania akalitafuta faili. Armelle alikuwa ameletwa hospitalini hapo mara nne kwa barua ya rufaa. Kila safari alipewa dawa ya matone na kila safari aliwekewa namba tofauti. Mara ya kwanza macho mekundu, mara ya pili kidonda kwenye kioo cha jicho, mara mbili za mwisho magonjwa mengine ya macho yasiyotajwa. Hakuna mahali palipoonyesha kwamba haya yote ni jambo moja, wala kwamba yalitokana na ajali.

Kila anayeweka namba hutia herufi za jina lake pembeni. Kwenye kurasa zote nne, herufi zilikuwa M.B.

"Ni mimi," anasema Melania, na safari hii sauti yake inashuka bila kuambiwa. "Nilimsoma mara nne, na mara zote nne sikumwona. Daktari alikuwa ameandika kwenye mstari wa chini kabisa kwamba kope zina makovu ya kuungua, sababu haijulikani. Niliruka. Nilikuwa na mafaili sitini mezani."

Alimwingiza Armelle ndani, akampa kiti, akamwuliza aliungua na nini. Armelle alitazama mlango kwanza. Kisha akasema, "Isabuni."

Miezi mitatu baada ya kufika kambini alitoka bila kibali, akaenda kijiji cha jirani ambako mtu mmoja alikuwa akipika sabuni ya mawese uani kwake. Kazi yake ilikuwa kukoroga, kwa Sh3,000 kwa siku. Siku ya sita beseni la kostiki soda, ile kemikali inayochanganywa na mafuta ili yagande kuwa sabuni, liliteleza juu ya mafiga na kummwagikia usoni. Maji yaliyokuwapo uani hayakujaza hata ndoo. Wenzake walimpaka mawese, wakimtakia mema.

Alipofika hospitali aliogopa kusema alikuwa wapi. Mkimbizi akikutwa nje ya kambi bila kibali ana kesi ya kujibu. Kwa hiyo safari ya kwanza alisema ni moshi, safari ya pili akasema ni uji wa moto, na madaktari wakaacha kuuliza.

Melania hakumlazimisha. Alimweleza kwamba faili lina jina lakini hubaki limefungiwa kabatini, na kwamba namba inayokwenda wilayani haina jina. Kule itajulikana tu kwamba mwanamke wa umri fulani aliunguzwa na kemikali na athari zake zimebaki. Akamwambia akafikirie, hata kwa wiki nzima.

Armelle alirudi baada ya saa mbili. Alikuwa amefikiria nje, chini ya paa la kituo cha bodaboda. Akakubali kwenda kwa daktari wa macho na kusema kila kitu.

Hapo Melania akalazimika kujifunza upya kipande cha kazi yake mwenyewe. Anafungua kitabu na kuonyesha kwa kidole. Mtu aliyemwagikiwa leo ana namba yake, inaanza na T26. Lakini aliyemwagikiwa zamani, kidonda kikapona na kope zikaharibika, hapewi tena namba hiyo. Huyo hupewa namba ya tatizo alilonalo sasa, yaani kope zisizofumba, halafu inaongezwa namba ya T95, inayosema kwamba hili ni salio la kuungua kwa zamani.

"Moto ukishazima huandiki kwamba nyumba inaungua," anaeleza. "Unaandika kwamba haina paa, na kwamba paa liliondoka kwa moto. Sisi tulikuwa tunaandika 'nyumba mbovu', basi. Sasa nani ataleta bati?"

Bati lilikuja kutafuta wenyewe mwezi Machi, kwa barua.

Kundi la madaktari bingwa wa upasuaji wa kope kutoka Dar es Salaam na Mwanza lilikuwa linapanga ziara ya kujitolea upande wa magharibi. Waliziandikia hospitali kadhaa wakiuliza swali moja: mna wagonjwa wangapi wenye makovu ya kope yatokanayo na kemikali au moto? Wangekwenda mahali penye wagonjwa wasiopungua thelathini, waliothibitishwa na daktari. Majibu yalitakiwa ndani ya siku kumi na moja.

Daktari wa macho wa hospitali hiyo, Edson Mwambeta, mwenyeji wa Rungwe aliyehamishiwa Kigoma miaka minne iliyopita, aliomba takwimu za miaka mitatu. Kompyuta ikatoa jibu: wagonjwa wawili. Mmoja wao alikuwa Armelle, aliyesahihishwa Januari.

Dk Mwambeta anakumbuka akishuka na karatasi hiyo chumba cha kumbukumbu, akiwa ameshakata tamaa, ili tu kuomba barua ya kujibu kwamba Kigoma haina sifa.

"Melania aliitazama ile karatasi kama mtu aliyetukanwa," anasema daktari huyo. "Akaniambia, 'Daktari, si wawili. Wamo humu ndani. Nipe hizo siku.'"

Kizuizi kilikuwa ndani ya chumba kilekile. Mkuu wa kitengo, Dismasi Mghanga, mtumishi wa miaka 56 anayekaribia kustaafu, alikataa. Alimwambia Melania kwamba takwimu za mwaka uliofungwa haziguswi. Katika kituo alichowahi kufanyia kazi, mkoa mwingine, aliona karani akisimamishwa kwa kubadili namba ili idara ionekane ina wagonjwa wengi. Hakutaka kumaliza utumishi wake kwa barua ya namna hiyo.

Walibishana karibu saa nzima, kwa heshima, mlango ukiwa umefungwa. Melania anasema hakumwona kama adui.

"Nilimwambia, 'Mzee, sitaki kuandika ninachopenda. Nataka tuandike alichoona daktari.'"

Mghanga akatoa masharti. Kazi ya kila siku iishe kwanza. Namba za zamani zibaki kama zilivyo. Na asiingizwe mtu kwenye orodha kwa sababu ya faili tu. Aje mwenyewe, apimwe upya na daktari, aandikwe kwa tarehe ya leo.

Masharti hayo yalikuwa ya haki, na yalikuwa magumu kuliko kukataliwa. Melania sasa hakutakiwa kutafuta mafaili thelathini. Alitakiwa kutafuta watu thelathini.

Alianza siku hiyohiyo wakati wa chakula cha mchana. Alisoma Jumamosi nzima, na Jumapili baada ya misa. Kwa siku nne alipitia mafaili 1,163 ya kliniki ya macho, akitafuta neno lolote lililofichwa pembeni: sabuni, kostiki, maji ya betri, chokaa. Mafaili 57 yalikuwa na dalili.

Kisha akaanza kupiga simu. Nyingi hazikupatikana. Wagonjwa kadhaa walikuwa wamerudi Burundi. Mzee mmoja aitwaye Ntakarutimana, aliyetoka kambini kama Armelle, simu yake ilipokewa na binti yake, akasema baba alifariki mwaka uliopita. Mwanamke mmoja wa mjini alipokea, akasikiliza hadi mwisho, akasema hatakuja kwa sababu bado anafanya kazi kwa tajiri yuleyule aliyekuwa kwake alipoungua. Melania alimshukuru na kulikata jina lake.

Waliobaki aliwafuata. Alikwenda Simbo kwa bodaboda, akipita nyumba zenye mapipa ya mawese, akiuliza. Alishuka Kibirizi asubuhi na mapema, akawapa manahodha wa boti za kaskazini vikaratasi vyenye majina ya kupeleka Mwamgongo na vijiji vya jirani. Wachuuzi wa dagaa walimzunguka wakitaka kujua anadai nani.

"Nikawaambia simdai mtu, natafuta wasiofumba macho," anasema. "Mama mmoja akaweka chini beseni lake, akafunua mtandio. Akasema, 'Basi mimi ni wa kwanza.' Sikuwa hata na jina lake. Hajawahi kufika hospitali."

Mama huyo ni Veneranda, aliyerukiwa na maji ya betri akihamisha taa za kuvulia. Hadi siku ya tano walikuwa tisa waliopimwa. Siku ya saba, kumi na wanane. Dk Mwambeta alikuwa akiwapokea katikati ya kliniki yake ya kawaida, na Mghanga, aliyekuwa akilinda mlango, alianza kuuliza kila jioni, "Wamefika wangapi?"

Siku ya kumi walikuwa ishirini na saba, na vikaratasi vyote vilikuwa vimekwisha kujibiwa.

Melania alikuwa amempigia Armelle mwanzoni mwa wiki na kumwomba awaambie wenzake kambini. Armelle hakumpigia tena. Asubuhi ya siku ya kumi na moja Melania alifika kazini, akakaa mbele ya kompyuta, akaanza kuandika barua ya kusema hospitali ina wagonjwa 27. Anakumbuka aliifuta mara tatu. Aliogopa kwamba akiituma watamjibu asante, basi.

Saa sita na nusu gari la rufaa kutoka kambini liliingia getini. Akashuka Armelle, kibali mkononi, na nyuma yake wanawake sita. Alikuwa amepita nyumba kwa nyumba kwa siku tano, akafunua uso wake mwenyewe kwanza kila mlango, kisha akawasindikiza hadi kwa daktari wa kambi kuandikiwa barua. Wote sita walikuwa wamekoroga sabuni. Wote sita walikuwa wamesema ni uji.

Dk Mwambeta alisimamisha kliniki, akawapima mmoja baada ya mwingine. Saa tisa na dakika arobaini, Mghanga mwenyewe ndiye aliyebonyeza kitufe cha kutuma: wagonjwa 33.

"Alipobonyeza, aliinuka akanipa mkono kama tumefunga ndoa," anasema Melania, akicheka hadi anafuta macho.

Jibu lilikuja baada ya siku mbili. Kigoma imechaguliwa.

Madaktari walikaa siku kumi mwezi Mei, kuanzia asubuhi ile ya benchi tatu. Kati ya 33, wagonjwa 31 walifanyiwa upasuaji. Wawili waliahirishwa kwa sababu ya shinikizo la damu. Daktari huchukua kipande chembamba cha ngozi nyuma ya sikio au kwenye mkono, akakishonea kwenye kope iliyovutika ili irudi urefu wake. Upasuaji huo haumrudishii mtu uwezo wa kuona uliokwisha kupotea, lakini huliokoa jicho lililobaki lisikauke na kupata vidonda tena.

Armelle alikuwa wa tatu. Siku ya tano, alipofunguliwa bendeji, Melania alikuwa amesimama mlangoni na mafaili ambayo hayakuwa na haraka yoyote.

Dk Mwambeta alimwambia Armelle afumbe macho. Kope zikashuka polepole, zikagusana, zikatulia. Daktari akasubiri. Muuguzi akasubiri. Nusu dakika, dakika nzima, Armelle hakuyafumbua, hadi muuguzi akainama kuangalia kama amezimia.

"Niacheni kidogo," Armelle akasema bila kusogea. "Sijaona giza mwaka mmoja na miezi tisa."

Melania anasema hakumbuki alivyorudi chumbani kwake. Anakumbuka tu kwamba alikaa, akafungua faili, akalisoma hadi mstari wa chini kabisa.

Gazeti hili lilirudi hospitalini wiki tatu baada ya madaktari kuondoka. Chumba cha kumbukumbu kimebadilika kidogo. Ukutani kuna karatasi iliyosainiwa na Mghanga, inayoagiza kwamba hakuna faili la jicho litakalowekewa namba kabla karani hajajibu maswali mawili: je, hili lilianza na ajali, na je, ajali hiyo ni ya sasa au ya zamani? Jibu lisipopatikana, faili linarudi kwa daktari.

Armelle amepangiwa kurudi Agosti kwa marekebisho madogo ya kope ya jicho la kulia. Kambini, wanawake wengine kumi na moja wamejitokeza. Safari hii, anasema Melania, hakuna aliyetaja uji.

Mwezi ujao Melania atasimama mbele ya makarani kumi na wanne wa zahanati za kando ya ziwa na wa kambini, kwa siku mbili, kuwafundisha namna ya kuandika athari zinazobaki baada ya jicho kuunguzwa na kemikali. Hajawahi kufundisha. Amekuwa akifanya mazoezi mbele ya mumewe, fundi seremala wa Ujiji, ambaye sasa, kwa maneno ya Melania, anaweza kuzitaja T26 na T95 akiwa usingizini.

Pia amemwomba Dk Mwambeta waende pamoja kwa wapika sabuni, si kuwakamata, bali kuwaambia kila ua uwe na pipa la maji safi lililojaa kabla kostiki haijafunguliwa.

Jambo hilo limeanza kujibu hata kabla hawajaenda. Jumanne iliyopita kijana mpika sabuni wa Simbo, Bonaventura, aliletwa akiwa amerukiwa usoni asubuhi hiyo. Mkewe alikuwa amesikia habari za wagonjwa wa kope na za pipa la maji, akamshika kichwa na kummiminia maji karibu nusu saa, kisha akaendelea njiani kwa madumu mawili waliyopakia kwenye bodaboda. Daktari alisema ngozi ni nyekundu lakini kope ni nzima.

Faili lake lilifika mezani kwa Melania saa nane mchana. Akalisoma mara mbili, akaweka T26, akatia herufi zake pembeni. Chini yake akaacha mstari mtupu.

"Hapo chini ndipo ningekuja kuandika ile nyingine, T95, baadaye," anasema, akilifunga faili na kulipiga kiganja. "Sitaki kuiandika. Huyu kijana akirudi hapa, arudi na malaria kama watu wengine."